Ncha ya Kiatu Katika Filamu ya Funza

Nimestaafu nikiwa na meno yote, nywele zote, na mke ambaye bado anashtuka kuniona nyumbani saa nne asubuhi. Sikuzeeka mimi, ofisi ndiyo iliyozeeka. Gari letu la sinema limepewa watu wa kupambana na nzige, kamera imefungwa sandukuni na kupelekwa Nairobi, na mimi nimepewa mkono na kikombe cha chai. Ninyi vijana wawili mnaoifuata ile kamera mmeniomba niwaandikie jinsi kazi hii inavyofanywa. Nimewazidi umri kidogo tu, kwa hiyo msitarajie hekima. Nitawapa nilichonacho, yaani wasiwasi.

Ukurasa huu wa kwanza nimeuandika upya mara nyingi, hata mke wangu ameanza kuwashia jiko zile karatasi ninazozikataa. Anasema zinawaka vizuri kuliko kuni za miti ya miwati.

Niliingia katika sinema kwa njia ya ufagio. Nilikuwa nikifagia studio ya picha ya Mzee Lalji, Mhindi mmoja mwembamba aliyekuwa na chumba karibu na stesheni hapa Eldoret, mji ambao wazee wa Kinandi mpaka leo wanauita Sisibo. Walowezi walikuja kwake kupigwa picha na mbwa wao. Makarani walikuja kupigwa picha na kofia za kuazima. Siku yangu ya kwanza Mzee Lalji alinifunga kitambaa machoni, akanipa kamera tupu na mkanda wa filamu ulioharibika, akaniambia niuingize. Nilijaribu mpaka wakati wa chakula. Kila nilipokosea alicheka puani, akaendelea kunywa chai. Nilipoweza, hakunisifu. Alisema tu, "Sasa fagia."

Mengine nilijifundisha mwenyewe kutoka kwa kitabu kidogo cha maelekezo kilichokuja na kamera. Kilikuwa cha Kiingereza na Kiingereza changu kilikuwa cha kuombea kazi, kwa hiyo nilikisoma kama watu wanavyosoma Zaburi, nikirudia maneno bila kuyaelewa mpaka yakaingia. Mpaka leo naweza kuwasomea kwa kichwa onyo la kutoiacha kamera juani. Nimelisoma hata usingizini. Muulizeni mke wangu.

Kisha ofisi ya habari ya serikali ikafungua tawi hapa, na Mzungu wake akaja studio kutafuta mtu wa kumbebea vyombo. Sisi tulimwita Bwana Mrefu. Mzee Lalji alimwambia kwamba mimi huwa siangushi vitu, na hiyo ndiyo sifa pekee niliyowahi kupata kutoka kwake. Bwana Mrefu alikuwa mtu mwema aliyependa samaki kuliko filamu. Mwanzoni alikwenda mtoni Jumamosi. Baadaye akaongeza Ijumaa, kisha Alhamisi, na kadiri alivyozidi kuvua ndivyo kamera ilivyozidi kubaki mikononi mwangu. Nasikia watu wakisema niliteuliwa. Aliyeniteua ni samaki.

Dereva wetu alikuwa Arap Koros, mtu wa upande wa Cheptiret, aliyeendesha malori ya jeshi kule Burma na kurudi bila hamu ya kushangaa tena. Alinitazama siku ya kwanza kuanzia kofia mpaka chini, akasimama kwenye viatu vyangu, vyeusi, vilivyong'arishwa mpaka mtu angeweza kujichania nywele ndani yake.

"Kijana," akasema, "hii ni kazi ya matope. Hivyo viatu ni vya kazi ama ni vya kuoa?"

Nilimwambia kwamba mtu wa kamera lazima awe nadhifu. Huo ulikuwa ukweli, lakini haukuwa wote. Utakuja mbele.

Filamu ya kwanza niliyoitengeneza mwenyewe ilikuwa juu ya ubaya wa busaa. Nilitaka mlevi mmoja apepesuke mlangoni, aanguke, mkewe alie. Niliwaweka watu halisi na pombe halisi, kwa sababu nilikuwa nimejiaminisha kwamba maji hayang'ai sawasawa. Mara ya kwanza wingu likapita. Mara ya pili kuku akapita. Mara ya tatu mimi sikupenda mkono wa mke ulivyokaa. Kila tulipoanza upya, mlevi alikunywa upya, kwa moyo wa kazi. Kufikia jioni alikuwa ameshindwa kupepesuka, amelala kabisa, na mkewe aliyetakiwa kulia alikuwa akicheka hadi ameshika ukuta. Filamu hiyo ilipoonyeshwa, watu wengi waliuliza hiyo busaa inapatikana wapi. Kwa hiyo, wenzangu, somo la kwanza: mlevi apigwe picha mwisho.

Sasa nifike kwenye filamu ya funza, kwa sababu najua ndiyo mnayotaka. Bwana Mrefu alikuja asubuhi moja na kusema wafanyakazi kwenye laini za mashamba, zile safu za vibanda vyao, wanaumwa na funza hata hawawezi kutembea, na daktari wa wilaya anataka filamu. Aliondoka kwenda mtoni. Mimi na Koros tukaondoka kwenda upande wa Yamumbi.

Habari zilikuwa zimetutangulia. Tulipofika laini, watu wote walikuwa wamevaa viatu. Sijawahi kuona viatu vingi hivyo penye watu maskini. Wengine walikuwa wameazima, na mmoja alivaa viatu viwili vya miguu ya kushoto. Mzee mmoja ambaye hakupata cha kuazima alisimama ndani ya nyasi ndefu na akakataa katakata kutoka, akanisalimia kutoka humo humo kwa heshima zote. Nyuso zao walinipa kwa furaha. Walichana nywele, wakageuka huku na huku. Nilipotaja funza, walisikitika sana kwa niaba ya watu wa ng'ambo ya kijito. Tulivuka kijito. Huko nako walisikitika kwa niaba ya watu tuliotoka kwao.

Kesho yake nilikwenda kulalamika mahali nilipokuwa nikilalamikia mambo yote, kwa Mama Nekesa. Alikuwa mjane wa Kibukusu, mume wake alikuwa mtu wa reli. Aliuza uji penye lango la stesheni. Alikuwa na sufuria kubwa, vikombe vya bati, na benchi fupi sana ambalo mtu akikaa magoti yanamfikia kidevuni. Makuli, makarani, watu wa kiwanda cha maganda ya miwati, wote walipita hapo kabla ya kazi. Nilimweleza Koros, aliyekuwa amekaa pale na kikombe chake, kwa sauti ya juu kuliko ilivyohitajika, kwamba katika wilaya nzima hakuna mguu.

Koros na wateja wengine walipoondoka, Mama Nekesa aliendelea kusuuza vikombe bila kunitazama.

"Mguu upo," akasema. "Lakini uso wangu usionekane. Watu wakijua niko na funza, ni nani atakunywa uji wangu? Watoto wangu wanakula kutoka sufuria hii."

Nikamwapia. Nilimwambia kamera itashuka chini na haitapanda juu ya goti. Miguu bila uso, nilimwambia, haina mwenyewe. Niliona nimesema neno la maana sana. Yeye akatazama viatu vyangu.

"Na wewe, bwana sinema, mbona huvui hivyo hata jua likiwa kali?"

Nilisema mwanga utatuishia, twende. Ilikuwa saa mbili asubuhi.

Ule ukweli niliouahirisha ni huu. Utotoni nililiwa na funza mpaka nikatembea kwa visigino. Shuleni waliniita Kuku, kwa ule mwendo. Nyanya yangu aliwatoa kwa pini, akavichokonoa vidole vyangu mpaka vikapona, lakini vilipona vibaya, kucha nyingine hazikurudi, na ngozi ilibaki na matundu kama ya ukuta uliong'olewa misumari. Tangu nipate viatu vya kwanza hakuna mtu aliyeona miguu yangu. Mke wangu peke yake ndiye aliyeiona, tena baada ya harusi, taa ikiwa imeshushwa, akasema tu kwamba ameona miguu mibaya zaidi kwa kaka zake. Nilimpenda zaidi siku hiyo. Lakini soksi sikuacha.

Tulipiga picha nyuma ya jiko la Mama Nekesa. Dresa wa hospitali, yule wa kufunga vidonda, alikuja na pini, karai la maji na mafuta ya taa. Mguu ukawekwa juu ya jiwe. Mama Nekesa alikuwa na kidole kidogo cha mguu ambacho jiwe la kusagia lilikuwa limekiangukia zamani, kikapanda juu ya mwenzake na kukaa hapo kama mtoto aliyebebwa mgongoni. Jua la asubuhi lilikuja kwa ubavu. Pini ikaingia, funza akatoka mzima, mweupe kama punje ya mchele. Nilizungusha ufunguo wa kamera, nikainama, nikasogea, nikashika pumzi. Nilirudia mpaka dresa akaniuliza kama nataka aanze kumrudisha funza ndani.

Filamu zilikuwa zikisafishwa mbali, ng'ambo ya bahari, kwa hiyo tulingoja majuma mengi. Iliporudi niliiweka kwenye mashine ofisini, nikafunga madirisha. Ilikuwa nzuri. Nasema hivi nikiona haya, lakini ilikuwa nzuri, mpaka nilipotazama kona ya kushoto, chini. Palikuwa na ncha ya kiatu cheusi, kinang'aa kama chungu kipya. Nilikuwa nimesogea mno. Kiatu changu kimeingia katika picha yangu.

Sikula vizuri tangu hapo. Nilitaka kuikata sehemu ile yote. Bwana Mrefu alikataa, akasema hiyo ndiyo sehemu pekee ambayo hakusinzia, na kwamba hakuna mtu atakayeangalia kiatu. Nikamwita Koros aje aamue. Aliketi, akatazama, akakuna shavu.

"Huyu si ni Mama Nekesa wa uji?"

Nikamwambia uso hauonekani. Nikamuuliza amejuaje.

"Kila asubuhi nakaa kwa lile benchi," akasema. "Ukikunywa uji umeinama hivi, unaona nini? Unaona miguu yake. Hicho kidole nimekunywa nacho uji tangu nitoke vita."

Hapo ndipo nilipoelewa nilivyokuwa mpumbavu, na mnisikilize vizuri kwa sababu mtu wa viatu peke yake ndiye anayeweza kukosea hivi. Huku kwetu watu wanatembea pekupeku juu ya udongo mwekundu. Wanajua nani amepita njiani kwa kutazama alama. Koros, akiwa mtoto wa kuchunga ng'ombe, alijua nyayo za kila mtu wa kijiji kabla hajajua nyuso za nusu yao. Ningepiga picha uso wa Mama Nekesa gizani, asingejulikana. Mimi nilikuwa nimechukua kitu ambacho mji mzima unakijua, nikakipiga picha kikubwa kama mlango.

Wiki hiyo hiyo Bwana Mrefu akatangaza kwamba kuna wakubwa wanakuja, na filamu itaonyeshwa kwanza hapa mjini, kwenye uwanja wa stesheni. Niliomba tuanzie Cheptiret, au mbali zaidi. Alisema wakubwa hawana nafasi ya kwenda mbali.

Nilikwenda kumwambia Mama Nekesa mwenyewe. Alinisikiliza mpaka mwisho, mwiko mkononi.

"Uliniambia uso hautaonekana."

"Haukuonekana, mama."

"Kwa hivyo umenificha mahali ambapo sina kitu cha kuficha." Akakoroga uji muda mrefu. "Nitakuja. Kama ni kuzikwa, wacha nione kaburi."

Filamu zetu zilikuwa hazina sauti. Sauti nilikuwa mimi, nimesimama kando ya shuka jeupe na kipaza sauti, jenereta ikinguruma nyuma ya gari. Mtaipata bahati ya filamu zinazosema zenyewe, nami nawahurumia kidogo, maana sauti iliyo kwenye mkanda haiwezi kubadilisha mawazo. Mpango wangu ulikuwa kusema sana. Nilikusudia, ile sehemu ikifika, niwajaze watu maneno ya usafi mpaka wasipate nafasi ya kuona.

Uwanja ulijaa giza lilipoingia. Wakubwa walikuwa kwenye viti mbele. Mama Nekesa alikaa chini katikati, amejifunga leso, watoto wake pembeni. Nyuma yake alikuwa Wanjala, fundi wa baiskeli mwenye mdomo mkali kuliko wote Eldoret, ambaye alikunywa uji wake kila siku na kila siku aliulalamikia.

Kidole kikatokea. Kilijaa shuka lote. Niliongea juu ya kufagia, juu ya majivu, juu ya kumwagia sakafu maji, nikaongea haraka hata mimi sikujielewa. Haikusaidia. Kwanza nikasikia mnong'ono, kisha sauti ya Wanjala, polepole, kama mtu anayejaribu kukumbuka jina.

"Hicho kidole nakijua."

Watu wakacheka. Mmoja akasema hata yeye. Nikamwona Mama Nekesa akivuta leso na kufunika miguu yake. Kabla sijafikiri, kipaza sauti kikiwa bado mdomoni, nikasema:

"Miguu hii ni yangu."

Kelele zilikatika. Nafikiri hata jenereta ilinyamaza kidogo, ingawa Koros anasema hapana. Kisha Wanjala akasimama.

"Bwana sinema, kama mguu ni wako, na kile kiatu pale kwa kona ni cha nani? Maana kiatu kama hicho Eldoret kiko kimoja."

Siku zote zile za wasiwasi wangu, na aliyekiona ni fundi wa baiskeli. Uwanja ukalipuka kwa kicheko. Mtu akapaza sauti, "Vua tuone," na wengine wakaipokea, vua, vua, wakipiga makofi. Wakubwa wakapiga makofi pia, wakidhani ni sehemu ya mafunzo.

Nilikaa juu ya sanduku la filamu nikafungua kamba. Fundo la pili likanishinda, Koros akaja akanifungulia. Nikavua soksi. Koros akaleta taa ya gari karibu.

Hakuna aliyecheka. Waliokuwa mbele walisogea, wakatazama yale matundu na zile pembe ambazo zilitakiwa kuwa kucha. Wanjala akapita katikati ya watu, akainama, akachunguza kama anayetafuta pancha.

"Hii si ile," akasema mwishowe. Akatazama tena. "Lakini hii ni mbaya kushinda ile."

Ndipo Mama Nekesa alipoinuka. Aliitoa leso miguuni, akaitundika begani.

"Wanjala, wachana na mtoto wa watu. Kidole ni changu. Funza walikuwa wangu, na walitolewa. Sasa niambie mbele ya hawa wote. Kesho asubuhi utakunywa uji ama hutakunywa?"

Wanjala alitazama chini. Miguu yake mwenyewe ilikuwa kwenye viatu vya mpira vya gurudumu, na nilimwona akiisogeza nyuma kidogo, kama mtu anayeficha kitu.

"Tuone kesho, mama," akasema.

Sikulala. Asubuhi nilitangulia jua kwenda stesheni. Sufuria ilikuwa juu ya moto, uji unachemka, vikombe vimepangwa. Benchi lilikuwa tupu. Nilisimama pale nikihesabu makosa yangu, kuanzia kiatu. Nilikuwa nimemmaliza yule mama kwa filamu nzuri.

Kisha nikasikia mtu akilalamika nyuma ya jiko, na sauti niliitambua. Nikazunguka. Wanjala alikuwa amekaa juu ya lile jiwe, kiatu cha mpira pembeni, mguu ndani ya karai, na Mama Nekesa amemshikilia kifundo, pini mkononi. Nyuma yake makuli na makarani walisimama mstari, pekupeku wote, vikombe vya uji mkononi, wakingoja zamu zao. Yule mzee wa nyasi ndefu alikuwemo. Sijui alitembeaje kutoka Yamumbi na miguu ile.

"Umechelewa, bwana sinema," Mama Nekesa akasema bila kugeuka. "Shika karai."

Nikashika karai.

Tangu siku hiyo, kila mahali tulipoonyesha filamu ile, Munyaka, Cheptiret, mpaka mashamba ya mbali, sifa zilitutangulia, na ile sehemu ikifika watu walianza wenyewe, vua, vua. Nilivua. Sikuwahi kuzoea, lakini nilinunua viatu visivyo na kamba ili kazi iende haraka. Siku ya kuniaga, Koros alinipa soksi mpya. Alisema sasa nimestaafu, naweza kuzivaa.

Mama Nekesa alileta uji. Nilimweleza, kwa mara nyingine, jinsi ile picha ingekuwa kamili kama si ile kona ya kushoto. Aliniambia nimalize uji.

Filamu hiyo iko ndani ya kopo la bati, kwenye sanduku la pili, chini ya ile ya busaa. Mtakapoiweka kwenye mashine mtaona, kona ya kushoto, chini, ncha ya kiatu cheusi kinachong'aa. Mtu yeyote anayeijua kazi atachukua mkasi. Nimewahi kuushika mwenyewe, mara nyingi. Msiikate.